Bwana Harusi Mfupi Hauzwi Kariakoo

Mwenzangu ni mfupi. Naanza na hilo kwa sababu kila anayetuona tumesimama pamoja huanza na hilo, na wengine huishia hapo hapo. Mimi nina sentimita 178 bila viatu. Yeye anadai ana 166, nami nimemwachia, maana mwanamume akishataja kimo chake mbele za watu humrudishi nyuma. Tukitembea ufukweni Bagamoyo, pale karibu na soko la samaki, kusi likivuma ncha ya mtandio wangu humpiga usoni. Haitupi pembeni. Huishika tu akaendelea na maneno yake, kama vile ni kawaida ya watu kuzungumza huku mmoja ameshika kitambaa cha mwenzake. Nilimpendea hilo kabla sijampendea jingine lolote.

Ana miwani ya fremu nene, na hutembea mikono nyuma kama mkaguzi wa shule wa zamani. Ni Mnyamwezi wa Tabora. Kwetu hiyo maana yake ni mtani kabla hajawa mchumba. Mama yangu Mzaramo, baba Mkwere, na wazee wa Kinyamwezi walikuwa wakishuka huku pwani kwa miguu enzi za misafara, mwendo wa miezi, pembe za ndovu mabegani, wanafika Bagamoyo wanatua mizigo. Utani ukazaliwa humo njiani na haujafa mpaka leo. Siku walipoleta barua ya posa, shangazi yangu alimkazia macho akamuuliza, "Haya mtani, safari hii umebeba nini? Pembe?"

Akajibu bila kupepesa, "Safari hii sikuja na mzigo, shangazi. Nimeufuata."

Basi ndiyo ikawa hivyo. Akdi ifungwe Ijumaa msikitini, jioni watu wakutane ukumbini wale, wacheze, wakate keki. Kamati ikaundwa, michango ikaanza kuingia kwa kusuasua kama kawaida, na kwenye kikao cha tatu mweka hazina akafika kwenye mstari ulioandikwa "Keki, ngazi tatu". Akauliza kama juu yake tutaweka maua au watu. Nikasema watu. Sijui nilisema kwa nini. Nadhani nilikuwa na kiburi kidogo: nimekuwa nikichekwa kwa huyu mtu mfupi tangu nilipomtaja nyumbani, nikataka tusimame pale juu, katikati ya ukumbi, mimi mrefu na yeye mfupi, kila mtu atuangalie mpaka achoke.

Sanamu hizo za juu ya keki, wauza vifaa vya keki wanaziita topa. Nikapanda basi dogo hadi Makumbusho, nikaunganisha hadi Kariakoo, nikaingia duka la kwanza. Topa zilikuwa zimepangwa rafu nzima: bwana harusi wa plastiki kwa suti nyeusi, bibi harusi wa plastiki kwa shela. Wengine wazungu, wengine weusi, lakini ukiwasogeza karibu unakuta pua ile ile, mdomo ule ule, nywele zile zile zilizomwagika mabegani. Kalibu moja, makopo mawili ya rangi. Na kwa jozi zote, zote kabisa, bwana harusi amempita bibi harusi kwa kichwa.

"Unayo ambayo bibi harusi ni mrefu?"

"Mrefu kuliko nani?"

"Kuliko bwana harusi."

Kijana akaniangalia kuanzia viatu, akapanda taratibu mpaka kwenye mtandio. "Dada yangu," akasema, "hiyo haitoki kiwandani."

Lakini Kariakoo hawakuachi uondoke mikono mitupu. Akanishauri ninunue jozi mbili, kubwa na ndogo. Nichukue bibi harusi wa jozi kubwa na bwana harusi wa jozi ndogo.

"Na hao wawili watakaobaki?"

"Hao nao utawatafutia harusi yao."

Nikacheka, nikanunua. Nyumbani nikawasimamisha mezani pamoja. Wakawa kama mama anayempeleka mwanawe madrasa. Ndipo nilipoona kitu ambacho sikuwahi kukifikiria: mtu mfupi si mtu mrefu aliyepunguzwa. Mwenzangu ana kichwa kikubwa kuliko changu, na viganja vyangu vinaingia ndani ya vyake vikapotea. Ufupi wake uko miguuni. Yule wa plastiki alikuwa mdogo kila mahali, masikini, mpaka kucha.

Jozi iliyofuata niliiagiza kwa simu, kutoka China. Huko kuna mafundi wanaofinyanga sanamu kwa udongo wa plastiki unaooka ovenini, joto la nyuzi 130 hivi, kwa kufuata picha za wahusika. Wanataka picha ya mbele, ya ubavuni, ya nyuma, ya nguo, na kabla ya kuoka wanakutumia picha ya vichwa ili useme panapokosewa. Nililipa shilingi 230,000 zangu mwenyewe, maana mweka hazina alisema kamati haitoi fedha kwa ajili ya vichwa.

Picha ya kwanza ilipofika, nilikuwa na rangi ya chai ya maziwa. Nikawaandikia: mimi ni mweusi, tazameni picha. Picha ya pili nikawa mweusi tii, midomo haionekani ilipoanzia. Mtandio wangu wameufunga kama wa sista wa misheni. Na yeye wamemrefusha, amenipita. Nikawaandikia tena kwamba huyu bwana ni mrefu mno. Wakajibu kwa adabu sana kuwa picha zetu wameziona, ila walidhani mimi nimepanda juu ya kitu.

Tulirekebisha mara nne. Mwishowe vichwa vikaja vikiwa na kila kilichotakiwa: miwani, ndevu za kidevuni, alama ndogo ya tetekuwanga juu ya nyusi yake ya kulia. Nikavihesabu kama mtu anayekagua mzigo bandarini. Hakuna kilichopungua. Na hakuwa yeye. Alikuwa mtu mwingine aliyeiba miwani yake. Nilimwonyesha mwenzangu, akaitazama simu kwa muda mrefu, akasema, "Huyu namfahamu. Sikumbuki tu tulikutana wapi."

Usiku ule sikulala. Nikawa nasoma kwenye simu habari za keki za watu, nikafika mpaka kwa Malkia Victoria wa Uingereza. Aliolewa na Albert tarehe 10 Februari 1840, na keki yao ilikuwa na uzito wa ratili 300 hivi, yaani kilo 136. Gunia la mchele na zaidi. Juu yake wakawekwa sanamu wa bwana na bibi harusi wanaobarikiwa na mwanamke anayesimama kwa niaba ya taifa la Uingereza. Sasa sikiliza: wale maharusi walivalishwa nguo za Warumi wa kale. Gazeti la wakati ule lenyewe liliona mavazi yale hayaendani na wahusika. Malkia wa dola yote ile, mwenye kila fundi chini ya mkono wake, na wa juu ya keki yake hakuwa yeye. Miguuni mwa Albert wakaweka mbwa, ishara ya uaminifu. Kwa watu wa kawaida wale wawili wa juu ya keki walishika kasi baadaye sana, Marekani, miaka ya 1920, wakitengenezwa kwa plasta au unga wa sukari, na baada ya Vita Kuu ya Pili plastiki ikawafanya bei poa mpaka wakafika kwenye rafu ya yule kijana wa Kariakoo.

Nilikuwa sijamwambia mjomba.

Mjomba wangu anasomesha madrasa, na si mtu wa kufoka. Angefoka ningejua la kufanya. Yeye huuliza. Nilimkuta barazani, nikamwamkia, akaitikia, akaniuliza, "Mwanangu, nasikia kwenye keki kuna sanamu?"

Nikajitetea na wanasesere. Nikasema mbona Bi Aisha alikuwa na wanasesere akiwachezea nyumbani kwa Mtume, na wanazuoni wengi wameruhusu vya watoto kwa hoja hiyo.

"Kweli," akasema. "Wewe ni mtoto?"

Nikanyamaza. Nikamwambia habari ya Malkia, labda acheke kidogo. Nilipofika kwenye mbwa alishtuka kweli. "Mbwa! Juu ya chakula!" Halafu akanyosha mkono kuonyesha mlango wa nyumba ya pili, ule wa zamani, wa mti wa mvule. "Utazame ule. Fundi aliuchonga waridi, akauchonga mnyororo, akauzungushia na mistari ya mawimbi. Hakuna mtu hata mmoja. Nenda Kaole kwenye magofu, makaburi yale yana minara ya mawe, mingine ilitiwa bakuli za kaure. Karne na karne wamelala pale, wamekumbukwa bila sura. Sisi watu wa pwani tulikuwa na njia zetu."

Ni kweli. Ukipita Mji Mkongwe, barabara ile yenye nyumba za Wahindi na boma la Wajerumani, utakuta nakshi kwenye mbao kila hatua, maua na minyororo, na hakuna uso unaokutazama. Kisha toka mita mia mbili, nenda kwa wachongaji wa Kimakonde walio barabarani, utakuta gogo moja lina watu ishirini, wamepandana, wamebebana, wote wana macho. Nimekulia katikati ya mbao hizo mbili na sikuwahi kujiuliza zinaishije mji mmoja.

Nikaahirisha suala. Nikaenda Kiwangwa kwa bibi, kula mananasi na kuagwa.

Bibi ananiita mke mwenza, kama bibi wote, na mchumba wangu amemchukua tangu siku ya kwanza kuwa ni mume wake. Nilimweleza shida yangu nikitegemea anicheke. Hakucheka. Alinyanyuka akaingia ndani, nikasikia sanduku la bati likifunguliwa. Akarudi na kitu kimefungwa kwenye kipande cha khanga iliyofifia mpaka jina lake halisomeki.

Kilikuwa mwana hiti, mwanasesere wa mti anayepewa mwali. Nilikuwa nimesikia habari zake, sijawahi kumshika. Urefu wake kiganja na nusu. Kiwiliwili ni kigogo tu, mviringo, hakina mikono, hakina miguu. Vifua viwili vidogo, kitovu kimejitokeza. Kichwani ana matuta mawili yaliyosimama na ufa katikati, kama nywele zilizogawanywa kwa kitana. Shingoni uzi wa shanga, nyingine zimepukutika. Na pale panapotakiwa uso ni tambarare tu, ubao laini, unang'aa kwa mafuta ya miaka mingi kuliko umri wa mama yangu. Alikuwa mzito wa mkono kuliko nilivyodhani, na alinukia nyonyo.

"Huyu nilipewa nilipotiwa ndani," bibi akasema. "Kila asubuhi nampaka mafuta, namchana, namfunga shanga. Mwali huwa na mwanawe. Mle ndani tulikuwa sita, na kila mmoja na wake."

"Mbona hana macho, bibi?"

"Ya nini? Mimi nilikuwa namwona."

"Sasa mlikuwa mkiwajuaje? Si wote wako hivi hivi?"

Akanitazama kama nimemuuliza anajuaje mlango wa choo chake. "Hata gizani hakuna aliyebeba wa mwenzake. Mkono unamjua."

Niliondoka Kiwangwa na mananasi manne na hilo neno. Kwenye basi nikampigia mjomba, nikamuuliza: kichwa kikiwa bonge tu, hakina macho, hakina pua, hakina mdomo? Akakaa kimya, nikasikia wanafunzi wakighani nyuma yake. Akasema wapo wanazuoni waliosema sanamu ni kichwa, na uso usipokuwapo kimebaki kipande cha mti. Yeye hana kesi na kipande cha mti. "Lakini usiende kutangaza kwamba nimetoa fatwa," akaongeza. Mjomba, samahani.

Fundi niliyempata ni Mmakonde wa makamo, ana kibanda cha makuti chini ya mkorosho, kando ya barabara. Hatumii meza. Anakaa chini, gogo analibana kwa nyayo, tezo inashuka kati ya vidole vya miguu mpaka unageuza uso. Nilimwendea na mwenzangu, na simu imejaa picha. Hakuzitaka.

"Picha inanionyesha mlivyojipanga," akasema. "Vukeni barabara mkaninunulie soda."

Tukavuka. Tukanunua, tukapiga soga na muuza duka, tukarudi polepole tukipisha bodaboda. Alikuwa hajagusa gogo. Alikuwa ametukodolea macho muda wote. Akapokea soda, akanywa nusu, akasema:

"Bwana anatembea mikono nyuma. Kidole gumba cha kulia kinashikwa na mkono wa kushoto. Tumbo mbele kidogo, lakini kifua ndicho kinachotangulia. Huyo kazi nyepesi." Halafu akanigeukia. "Wewe dada una bega moja limeshuka. La upande wake."

Nikasema sina.

"Unalo. Akianza kusema linashuka. Unainama umsikie. Akinyamaza linarudi."

Nilimtazama mwenzangu, naye akawa anaangalia chini, anafuta miwani. Alikuwa anajua. Miaka minne nimekuwa nikishuka na kupanda kando ya huyu mtu kama ndoo kisimani, na mtu pekee ambaye hakuwa na habari ni mimi.

Tukamwambia sharti letu: nyuso zisiwepo. Nilidhani atanuna, maana mchongaji kuambiwa aache uso ni kama mpishi kuambiwa aache chumvi. Akapandisha mabega. "Sura ndiyo inayoharibu," akasema. "Ukikosea pua kidogo, mteja anasema si yeye. Mgongo haukosewi."

Kisha akatuonyesha mti, na hapa lazima nikae kidogo kwa sababu ndipo nilipochanganyikiwa kwa furaha. Mpingo unaouona kwenye maduka, mweusi kama mkaa, ule ni moyo wa mti. Nje yake, chini ya gome, kuna utando wa mti mweupe, rangi ya siagi, unene wa kidole au pungufu. Wengi huutoa. Yeye alichukua tawi nene kama paja la mtoto, akalipasua, akatuonyesha mstari: weupe, halafu ghafla weusi, hakuna kijivu katikati. "Kanzu yako," akamwambia mwenzangu, akigusa weupe. "Mikono yako," akigusa weusi. Nguo zetu angezichonga juu juu, ndani ya ule weupe, na kila penye ngozi, shingo, viganja, nyuso zetu zisizo na kitu, angezama mpaka kwenye moyo. Hakuna rangi itakayopakwa. Akatupa kibanzi cha kile cheusi kwenye ndoo ya maji ili tuone: kilienda chini moja kwa moja kama msumari. Mpingo hauelei. Mti huo hukua taratibu mno, miongo na miongo kabla haujafaa kukatwa, na ndio Wazungu wanaotengenezea klarineti na obo, ala zao za kupuliza. Wanyamwezi walipokuwa wakishusha pembe pale ufukweni, huenda tawi letu lilikuwa mche.

Shilingi 80,000, siku tisa. Siku ya tisa nikaenda peke yangu.

Alikuwa amewageuza, wamenipa mgongo, juu ya kigae. Sikuhitaji wageuzwe. Kanzu nyeupe, mikono nyuma, gumba limeshikwa, kichwa kikubwa kimeinuliwa kidogo kama mtu anayekadiria bei ya shamba. Kando yake mwanamke mrefu, shela lake limeshuka kwa mkunjo mmoja mrefu, na bega la kushoto limelegea, shingo imefuata. Alikuwa anasema jambo yule bwana. Sijui jambo gani, ila lilikuwa na maelezo marefu. Nikawageuza mbele: nyuso mbili nyeusi, tambarare, zinang'aa kama kokwa za ukwaju. Nikakaa chini kwenye vibanzi, na gauni langu la kazini, nikalia kidogo. Fundi akaendelea kupiga msasa kitu kingine. Ana heshima zake.

Nilidhani yameisha. Nikampelekea dada wa keki. Akashika, akapima kwa mkono, akaweka puani.

"Hii ni kiwi."

Kweli bwana. Vinyago vingi vinavyong'aa barabarani vimepigwa kiwi ya viatu, brashi, kitambaa, basi. Sikuwa nimefikiri hata mara moja. "Hii kitu unataka ikae juu ya chakula cha watu mia mbili?" Kisha akaniburuta mpaka duka la jirani, tukaiweka kwenye mzani: robo kilo na ushei. Akanieleza kwa subira, kama unavyomweleza mtoto kwa nini hatupandi juu ya kabati. Keki ni sponji. Krimu ya siagi kwenye joto la Bagamoyo, ukumbi umejaa, feni tatu, hulegea. "Saa mbili usiku wako juu. Saa tatu wako ngazi ya pili. Saa nne wako kwa mama mkwe."

Tukafanya hivi: fundi aliiondoa kiwi yote kwa msasa, akaiosha, akaipaka mafuta ya nazi, ikang'aa kwa upole zaidi, na nadhani ikapendeza zaidi. Dada wa keki akaacha krimu akafunika kwa fondanti, ule ukandwa wa sukari, akachomeka vijiti ndani ya kila ngazi ili ya juu ibebwe na vijiti, siyo na keki ya chini, kama nguzo za ghorofa. Juu kabisa akaweka kibao cha duara, nacho kimekaa juu ya vijiti vyake, ndipo tukasimama sisi. Kwa hiyo, ukweli usemwe, hatukusimama juu ya keki. Tulisimama juu ya vijiti, keki imetuzunguka tu.

Siku yenyewe ilipita kama siku hizo zinavyopita, nakumbuka vipande. Nakumbuka emsii akitangaza sasa tunakata keki, na watu wakisimama na simu zao, na juu ya keki hakuna kitu. Kibao kitupu. Dada wa keki akashika kichwa. Shangazi yangu alikuwa amesimama karibu na jukwaa, mikono ndani ya khanga, ametulia kupita kiasi.

"Wanyamwezi wamechukua binti yetu," akasema kwa sauti ya kusikika mpaka jikoni. "Mimi nimechukua kijana wao. Hatoki humu mpaka walipe."

Ikaanza kelele ya utani ambayo emsii hakuiweza, alikuwa mtu wa kukodi, akabaki ameshika maikrofoni. Wajomba wa Tabora wakakaa kikao cha dharura nyuma ya meza. Wakatoa elfu kumi, shangazi akajipepea nazo uso, akasema huo ni upepo, mzigo uko wapi. Mwishowe wakatoa dumu la asali, la lita tano, walilokuwa wamelileta zawadi kwa mama yangu. Shangazi akafungua, akaonja kwa kidole mbele ya umma, akafikiri. Akatoa sanamu kwenye khanga. Mama mkwe alikuwa hajaiona hata siku moja, alipokea yeye, akaigeuza mgongo, akasema, "Mbona mmemchonga akikagua mihogo?" Akairudisha juu mwenyewe.

Mjomba alikula keki. Vipande viwili.

Sasa tuna mwaka na miezi. Sanamu niliiweka juu ya friji, mahali pa heshima, na mwezi wa nne ikapiga ufa. Mstari mwembamba, umeanzia begani kwangu, lile lililoshuka, umeteremka mpaka upindo wa kanzu yake. Nilikimbia nayo kwa fundi kama mtu aliyebeba mtoto mwenye homa. Akauliza nimeiweka wapi. Nikamwambia. Akasonya. Mpingo hukauka polepole, akasema, unaweza kuuchonga leo na ndani bado una maji, ukiuweka penye joto unapasuka. Angeweza kuujaza kwa vumbi la mpingo na gundi, usionekane. Mwenzangu alikuwapo, akasema tuuache. Fundi akasema basi upakwe mafuta, mara kwa mara, usikauke tena.

Hiyo kazi ameichukua yeye. Kila Ijumaa kabla ya kwenda msikitini, amekwisha kuvaa kanzu, anakaa kwenye stuli jikoni na kichupa cha mafuta ya nazi na kipande cha fulana ya zamani. Anaanza na yeye mwenyewe, haraka haraka. Halafu ananipaka mimi, taratibu, anapitisha kitambaa kwenye ufa juu hadi chini, analirudia lile bega.

Bibi alikuja kututembelea mwezi uliopita, akamkuta kwenye shughuli hiyo. Hakusema kitu. Alikaa akanywa chai yake, anamtazama mume wake juu ya kikombe, mpaka alipotoka kwenda kuswali. Ndipo akanisogelea.

"Na hayo mafuta anapaka kila wiki?"

"Kila Ijumaa, bibi."

"Mwenyewe, hajaambiwa?"

"Hajaambiwa."

Akaweka kikombe chini. "Mke mwenzangu," akasema, "wewe umeolewa, au umetia mwali ndani?"